Nyumba ya Vitufe: Tathmini ya Msimu wa Kwanza wa The Jetsons kwa Jicho la Joto na Baridi

Nimemaliza kutazama upya sehemu zote 24 za msimu wa kwanza wa The Jetsons, katuni iliyotengenezwa na studio ya Hanna-Barbera na kuanza kurushwa na kituo cha ABC nchini Marekani tarehe 23 Septemba 1962. Safari hii nilikuwa na swali moja ambalo limenikaa moyoni kwa muda mrefu, nalo ni hili: wachoraji wa katikati ya karne ya 20 walipoketi kuichora nyumba ya miaka 100 mbele yao, walidhani raha ya mtu akiwa nyumbani kwake ni kitu gani, na hasa walidhani hewa ya ndani ya nyumba hiyo itakuwaje? Jibu nililolipata ndilo linalonifanya niandike tathmini hii. Nikubali mapema kwamba msimu huu unastahili kabisa muda wa mtazamaji, ila kuna jambo moja kubwa ambalo hauligusi karibu kabisa, na jambo hilo ndilo moyo wa nyumba yoyote yenye starehe.

Kwa asiyeifahamu, familia ya Jetson ina watu wanne, yaani baba George, mama Jane, binti Judy na mvulana Elroy, pamoja na mbwa wao Astro na mtumishi roboti aitwaye Rosey. Wanaishi katika majengo ya Skypad, kwenye mji wa Orbit City, ambako kila nyumba na kila ofisi imesimamishwa angani juu ya nguzo ndefu nyembamba. George anafanya kazi katika kiwanda cha bwana Spacely, na kazi yenyewe ni kubonyeza kitufe. Nyumbani nako ni vitufe: vya chakula, vya usafi, vya mavazi. Mtu anaamka, anabebwa na mkanda unaotembea, anapigwa mswaki na mikono ya mashine, anavalishwa, na kufikishwa mezani kabla macho hayajafunguka sawasawa.

Ninamshauri mtazamaji aanze na filamu fupi iliyotangulia kipindi hiki kwa miaka 13, yaani The House of Tomorrow, aliyoiongoza Tex Avery katika studio ya MGM mwaka 1949. Haizidi sana dakika saba, na inaiga zile filamu za matangazo zilizokuwa zikioneshwa katika majumba ya sinema ya Marekani enzi hizo, ambamo sauti nzito ya msimulizi ilimtembeza mtazamaji chumba kwa chumba na kumsifia kila kifaa. Avery ameishika sauti hiyo barabara. Kila kifaa kina sehemu ya baba, ya mama, ya mtoto, na sehemu ya mwisho ni ya mama mkwe, ambaye kila mara ndiye anayeangukiwa na balaa. Mzaha huo wa mama mkwe umechakaa, na sioni sababu ya kuutetea. Lakini filamu hiyo ina kitu kimoja cha thamani: inaonesha wazi kwamba tayari mwaka 1949 wazo la nyumba inayofanya kila kitu yenyewe lilikuwa limezoeleka kiasi cha kuweza kutaniwa mbele ya ukumbi uliojaa watu.

Sasa nirudi kwa Jetson, na nianze na madirisha, kwa sababu hapo ndipo swali langu lilipopata makali. Sebule ya familia hii ni chumba cha mviringo kilichozungukwa na kioo kikubwa, na nje ya kioo ni anga tupu. Ni mchoro mzuri sana. Una undugu wa karibu na usanifu wa majengo uliokuwa ukistawi kusini mwa California wakati huo. Yeyote aliyewahi kuona picha za nyumba ya Chemosphere, iliyosanifiwa na John Lautner na kujengwa mjini Los Angeles mwaka 1960, nyumba ya pembe nane iliyokaa juu ya nguzo moja ya zege kama uyoga, atatambua mara moja wachoraji walikuwa wakiishi miongoni mwa majengo ya namna gani. Ila kioo kina tabia yake. Kinauruhusu mwanga wa jua uingie, mwanga huo unapiga sakafu na viti, navyo vinapata joto, kisha joto wanalolirudisha vitu hivyo halipiti tena kwenye kioo kwa urahisi ule ule. Ndiyo maana chumba cha kioo kilichoelekea jua huwa tanuri. Sebule ya Jetson ingehitaji mtambo mkubwa wa kupoza usiku na mchana, pamoja na mahali pa kulitupia joto lililoondolewa ndani. Nimeutafuta mtambo huo kwa macho katika sehemu nyingi za msimu huu, na sikuuona. Hakuna chombo kinachonguruma nje ya ukuta, hakuna bomba linalotiririsha maji, hakuna fundi anayekuja kusafisha kichujio.

Kinachooneshwa badala yake ni njia ya ajabu kidogo ya kukabiliana na hali ya hewa: jengo lenyewe linaweza kupandishwa kwenye nguzo zake hadi juu ya mawingu, mvua ikabaki chini. Wazo hili limenifurahisha kuliko yote, na nimelifikiria kwa uzito kana kwamba nimepewa mchoro wa mhandisi. Ni kweli kwamba hewa hupoa kadiri tunavyopanda, kwa wastani wa nyuzi 6.5 za Selsiasi kwa kila kilomita moja katika tabaka la chini la angahewa. Lakini juu ya mawingu jua halina kizuizi, na sebule ni ya kioo. Kwa hiyo familia hii ingeketi katika chumba kinachochomwa na jua upande mmoja huku nje ya kioo hewa ikiwa ya baridi, hali ambayo mwili wa binadamu hauipendi hata kidogo. Ukimbizi huo wa kwenda juu unaukwepa mvua tu. Ule ugumu wa kuifanya hewa ya ndani iwe ya kupendeza unabaki palepale.

Kwa nini basi wachoraji hodari namna ile walilipita jambo hili? Ninaamini sababu kubwa imo katika kazi yenyewe ya uchoraji. Hewa haichoreki. Mchoraji wa katuni ana alama zake za kueleza joto na baridi, nazo ni matone ya jasho yanayoruka kutoka kwenye paji la uso, mistari midogo ya kutetemeka pembeni mwa mabega, pumzi nyeupe mbele ya mdomo, pua nyekundu, ulimi nje. Ukizitazama vizuri utaona kwamba alama zote hizo ni za mateso. Mtu ambaye hasikii joto wala baridi hana alama yoyote. Anachorwa kama alivyo, basi. Kwa hiyo mchoraji anayetaka kuonesha nyumba yenye hewa safi kabisa anajikuta hana cha kuchora, na mkono wake unakwenda kwenye kitu kinachoonekana, yaani kitufe. Kitufe kinabonyezwa, mlio unasikika, mkono wa chuma unachomoza ukutani. Starehe imegeuka kuwa utiifu wa mashine.

Hali halisi ya nyumba za Marekani wakati ule inalifanya pengo hili lionekane zaidi. Willis Carrier alikuwa amebuni mfumo wake wa kudhibiti hewa mwaka 1902 kwa ajili ya kiwanda cha uchapaji huko Brooklyn, ambako unyevunyevu ulikuwa ukiifanya karatasi itanuke na kusinyaa na rangi zikakosa kukutana. Mwanzo wake basi ulikuwa kuinusuru karatasi, na raha ya binadamu ikafuata baadaye. Sensa ya Marekani ya mwaka 1960 ilikuta takriban asilimia 12 tu ya nyumba zikiwa na kiyoyozi, maana yake ni kwamba Jetson ilipoanza kurushwa miaka miwili baadaye, familia nyingi zilizokuwa zikiitazama zilikuwa bado zinategemea feni na dirisha lililofunguliwa. Kwa watazamaji hao, hewa baridi ndani ya nyumba yao wenyewe ingekuwa ndoto kubwa zaidi ya mkanda unaompeleka mtu bafuni. Kufikia mwaka 2020 viyoyozi vilikuwa katika karibu asilimia 90 ya nyumba za nchi hiyo. Katika mambo yote ambayo kipindi hiki kingeweza kuyatabiri na yakatimia, hili ndilo lililobadilisha nyumba zaidi, na ndilo lililoachwa pembeni.

Kuna kifaa kimoja cha zama hizo ambacho nimekikumbuka kila nilipomwona George akibonyeza kitufe. Mwaka 1953 kampuni ya Honeywell ilitoa kidhibiti joto cha mviringo kiitwacho T87, kilichosanifiwa na Henry Dreyfuss, na bado kinaning'inia katika kuta za nyumba nyingi. Ukikifungua kifuniko chake unakuta utepe mwembamba uliosokotwa kama springi ya saa, uliotengenezwa kwa metali mbili zilizobanwa pamoja. Metali hizo hutanuka kwa viwango tofauti, hivyo chumba kinapopoa utepe hujikunja zaidi, na kinapopata joto hujifungua. Juu ya utepe huo kimekaa kichupa cha kioo chenye tone la zebaki. Utepe unapojikunja, kichupa kinainama polepole, polepole, hadi zebaki inateleza kwa ghafla upande wa pili na kuziunganisha nyaya mbili, na tanuri la kuipasha nyumba joto kule chini linawaka. Hakuna mtu aliyebonyeza chochote. Mkazi aliuzungusha uso wa kifaa mara moja, labda asubuhi, akaenda zake, na tangu hapo kifaa kinaisikiliza hewa kwa niaba yake.

Tofauti kati ya vitu hivi viwili ni kubwa kuliko inavyoonekana. Kitufe cha George kinatii papo hapo. Hewa haitii papo hapo. Kuta zina joto lake, sakafu ina lake, na chumba huchukua muda kufika pale kinapotakiwa. Anayeishi na kidhibiti joto anajifunza subira, anajifunza pia kukubaliana na wenzake wa nyumbani kuhusu alama moja ya kukiwekea. Ugomvi wa kimyakimya wa ndugu wawili, mmoja akisogeza alama juu na mwingine akiirudisha chini, ungekuwa mada nzuri sana kwa kipindi cha familia, na ninasikitika kwamba waandishi hawakuufikia.

Lipo pia suala la mwili wenyewe, ambalo naliona kuwa zito kuliko mengine. Mwaka 1970 mtaalamu wa Denmark, Povl Ole Fanger, alichapisha kazi yake kuhusu raha ya mwili na joto, akionesha kwamba hisia ya mtu hutegemea mambo sita kwa pamoja: joto la hewa, joto linalotoka kwenye kuta na vitu vinavyomzunguka, unyevunyevu, mwendo wa hewa, mavazi yake, na kazi anayoifanya. Hilo la mwisho ndilo linalomgusa George moja kwa moja. Mtu aliyeketi akipumzika hutoa joto la wati 100 hivi, na anayefanya kazi za mikono hutoa mara mbili au tatu ya hizo. Kwa hiyo nyumba inayomvisha mtu, inayompikia, inayomfagilia na kumbeba kutoka kitandani hadi mezani inamwondolea pia joto alilokuwa akijitengenezea mwenyewe. Hewa iliyomtosha bibi yake aliyekuwa akisugua sakafu ingemfanya George ashikwe na baridi kitini. Starehe ya vitufe na starehe ya hewa zinavutana ndani ya nyumba ile ile, na kadiri mashine zinavyofanya kazi nyingi, ndivyo mkazi anavyohitaji joto zaidi ili akae bila kujikunyata.

Haki ya waandishi ni kwamba waliiona nusu ya ukweli huu, na waliiona katika sehemu ya kwanza kabisa. Jane anafanya mazoezi ya viungo mbele ya televisheni, na viungo vyenyewe ni vidole, kwa sababu ndivyo pekee vinavyochoka. George anarudi nyumbani akilalamikia uchovu wa kazi ya kubonyeza. Kisha mashine ya chakula inaharibika. Hili la mashine kuharibika ndilo lililonifanya niipende sehemu hiyo, maana nyumba nzima imejengwa juu ya imani kwamba mashine haitachoka, na familia inapokumbwa na kifaa kilichozeeka inabaki haina kitu cha kujitegemea. Jane anakwenda kutafuta mtumishi wa kukodi, na anarudi na Rosey, roboti wa toleo la zamani ambaye bei yake ni nafuu. Bwana Spacely anakuja kula chakula cha jioni, anachukizwa kuona mfanyakazi wake anamudu kuweka mtumishi, na kinachomlainisha moyo ni keki ya nanasi aliyoitengeneza Rosey. Katika nyumba iliyojaa vitufe, raha iliyowafikia watu wote mezani ilitoka kwa mwenzao aliyewajali. Sauti ya Jean Vander Pyl, iliyompa Rosey ukali wenye upole ndani yake, inastahili sifa ya pekee.

Waigizaji wengine wa sauti nao hawana upungufu. George O'Hanlon anampa George wasiwasi wa baba anayependa familia yake na kumwogopa bosi wake, Penny Singleton anamfanya Jane awe mtulivu bila kuwa mnyonge, na Mel Blanc, kama bwana Spacely, anang'aka kiasi kwamba hata asipoonekana mtu anaijua hasira yake. Muziki wa Hoyt Curtin unabeba furaha ya enzi yake. Kicheko kilichorekodiwa, kinachoambatana na sehemu zote, kinachosha baada ya saa moja, hivyo ninashauri zitazamwe sehemu mbili kwa siku, zisizidi. Rangi ni nzuri mno. Hiki kilikuwa kipindi cha kwanza cha ABC kurushwa kwa rangi, ijapokuwa wengi wa watazamaji wa mwaka 1962 walikiona kwenye televisheni za rangi nyeusi na nyeupe. Buluu ya anga nje ya kile kioo na kijani hafifu cha sakafu vinatoa hisia ya ubaridi ambayo hakuna mhusika anayeitamka, na huenda hapo ndipo wachoraji walipokaribia zaidi kuichora hewa. Sehemu zilizoongezwa kati ya mwaka 1985 na 1987 sizipendekezi kwa shabaha hii, kwa sababu zilitengenezwa wakati ambapo kiyoyozi kilikuwa jambo la kawaida Marekani, na ule mshangao wa mwanzo umepungua.

Anayetaka kuona jinsi mawazo haya yalivyokuwa yakijaribiwa kwa vifaa halisi katika miaka ile ile, atafute picha za nyumba ya plastiki ya Monsanto iliyosimama Disneyland, California, kuanzia mwaka 1957 hadi 1967. Nyumba hiyo ilikuwa na kituo cha kudhibiti hewa kilichochuja, kilichopoza, kilichopasha joto na hata kuitia harufu nzuri hewa ya kila chumba peke yake. Wahandisi wale walilazimika kulijibu swali ambalo wachoraji waliliruka, kwa kuwa wageni wa kweli walikuwa wakiingia mle ndani na miili yao, mchana wa jua kali, na plastiki nayo hupata joto. Inapendeza kuona nyumba ya majaribio iliyojengwa miaka mitano kabla ya Jetson ikiwa imeifikiria hewa kwa undani zaidi kuliko nyumba iliyowekwa karne moja mbele.

Ninaipa seti hii alama nne kati ya tano. Nimeondoa moja kwa ajili ya hewa isiyokuwepo, na pia kwa namna Jane anavyofungiwa katika majukumu ya mke wa mwaka 1962 ijapokuwa kalenda yake inasema 2062. Itamfaa sana mwanafunzi wa usanifu majengo, fundi wa viyoyozi anayependa kujua watu waliiwaziaje kazi yake zamani, na mzazi anayetaka kutazama pamoja na watoto kitu kisichokuwa na ukatili. Watoto waulizwe swali moja kabla ya kuanza: joto la nyumba hii linakwenda wapi? Majibu yao yataifanya jioni iwe ndefu.

Na tafadhali msizime majina ya mwishoni yanapoanza kupita. George anamtembeza Astro juu ya mkanda uendao wenyewe, nje ya nyumba, paka anatokea, mbwa anamkimbiza, mkanda unaongeza kasi, na baba wa nyumba ya vitufe anazungushwa juu chini huku akimpigia Jane kelele aje aisimamishe mashine, kwa sababu pale alipo hakifikii kitufe.